Uzi: Marafiki watano wa Tanga tumejirekodi nusu dakika kila siku kwa mwaka mzima, ikawa filamu. Nawaeleza tulivyofanya

Baraza_Ngamiani (mwenye uzi)

Wakuu, habari za jioni. Uzi huu niliuahidi tangu Ramadhani, na watu wamenikumbusha mpaka nikaona haya. Leo nimekaa kitako. Ni mrefu, nitauleta kwa vipande.

Sisi ni watano. Mimi nina kibanda cha kutoa kopi na kuchapa, Ngamiani. Wa pili ni fundi baiskeli, kijiwe chake na changu tunaitana bila kupiga simu. Wa tatu ni dada mshonaji, yuko Chumbageni. Wa nne anachuuza samaki, alfajiri utamkuta Sahare anasubiri boti. Wa tano anafundisha chekechea Makorora. Tumekua pamoja. Hakuna aliyesomea filamu wala mwenye kamera. Tulikuwa na simu tano, moja kioo kimepasuka kona.

Kwa mwaka mzima kila mmoja alirekodi kidogo katika siku yake, mwisho tukaunganisha ikawa filamu ya dakika 41. Ndiyo hiyo wengine mmesikia tumeionyesha uani.

Wazo lilitoka kwa mzee mmoja niliyesoma habari zake, Jonas Mekas. Alizaliwa kijijini Lithuania mwaka 1922. Vita vikamtoa kwao, akakaa kambi za wakimbizi Ujerumani, na mwaka 1949 akafika New York pamoja na mdogo wake. Wiki chache tu baada ya kufika, wakiwa hawana kitu, walikopa pesa wakanunua kamera ya Bolex ya milimita 16. Tangu siku hizo akawa anarekodi: marafiki wanakula, theluji barabarani, harusi ya mtu, mtoto anacheza. Aliandika shajara, ila badala ya kalamu alishika kamera. Na alikuwa na subira ya ajabu. Vipande alivyoanza kuvipiga 1949, vingine alikuja kuviunga na kuvitoa kama filamu mwaka 1976. Mwaka 2007, akiwa na miaka 84, aliweka filamu fupi moja kwenye intaneti kila siku hadi mwaka ukaisha. Alifariki 2019.

Kitu kilichonishika zaidi ni ile kamera yenyewe. Ilikuwa inajazwa springi kwa mkono, kama saa ya zamani. Ukiijaza hadi mwisho inakwenda karibu nusu dakika, inasimama. Na mkanda wa futi 100 unaisha kabla ya dakika tatu, kisha uulipie kusafishwa. Mtu wa namna hiyo hawezi kurekodi hovyo. Sisi simu inarekodi mpaka chaji ikatike, na ndiyo maana hakuna anayerudi kutazama alichorekodi.

Hilo tulilijua kwa vitendo. Mwezi wa kwanza kila mtu alirekodi anavyotaka. Alhamisi ya kwanza tuliyokutana kutazama, mwenzetu wa samaki alileta dakika arobaini za boti zikiingia. Boti moja, nyingine, nyingine. Mwalimu alisinzia kwenye mkeka. Mimi mwenyewe nilikuwa na dakika ishirini za barabara tu. Tukatazamana, tukajua hatufiki mwisho wa mwaka hivi. Usiku huohuo tukakubaliana: nusu dakika kwa siku, mtu mmoja kipande kimoja, hakuna kurudia. Ukikosea ndiyo siku yako hiyo.

Kwa watano ni dakika kama 17 kwa wiki. Hizo mnatazama mkiwa macho, na mnabaki na muda wa kuzungumza.

---

Fundi_Sauti

Mkuu nimesimama hapohapo kwenye kutorudia. Kama picha imetikisika au mtu amepita mbele?

Baraza_Ngamiani

Inabaki hivyohivyo. Nikupe mfano. Siku moja nilitaka kumrekodi fundi akinyoosha ringi. Baiskeli imepinduliwa, imekaa kwa tandiko na usukani, anazungusha gurudumu polepole huku ameshika kipande cha chaki karibu na ringi. Chaki ikigusa mahali, pamepinda hapo. Anachukua ufunguo wa spoki, anakaza robo, analegeza upande wa pili robo, kisha anazidonoa zile spoki kwa ukucha moja moja kama anasikiliza nyuzi za gambusi. Iliyolegea inatoa sauti ya chini. Nimepiga sekunde kama kumi hivi, mtoto akaja na tairi lake akasimama mbele ya simu kabisa. Sekunde ishirini zilizobaki ni mgongo wa fulana ya mtoto, na nyuma yake unasikia ting, ting, ting, sauti zinapanda hadi zinalingana.

Nilikasirika. Alhamisi tulipotazama, wote walinyamaza wakisikiliza. Ningeambiwa nirudie, ningepata picha nzuri ya gurudumu, na ile sauti nisingeisikia kamwe. Kipande hicho ndicho kinachofungua filamu.

---

dada_ushanga

Swali la pesa kaka. Mlitumia nini na kiasi gani? Mimi na wenzangu wawili Bagamoyo tunataka kuanza.

Baraza_Ngamiani

Karibu sana dada. Pesa haikuwa nyingi. Simu tulikuwa nazo. Diski ya nje moja ya kuhifadhia, na flashi mbili. Nusu dakika kwa simu zetu ilikula kama MB 60, vipande vyote vya mwaka havikufika GB 70. Msitumiane kwa WhatsApp kama video ya kawaida, inabanwa na picha inaoza. Tuma kama waraka, au mkutane mhamishe kwa waya. Na kila kitu kiwe sehemu mbili zisizo nyumba moja. Kadi ya mwalimu ilikufa mwezi wa nne bila hata kuugua, wiki tatu zake zikaenda nayo. Zile wiki hazipo kwenye filamu na tunaziona pengo lake.

Stendi ya simu: chukua soksi ya mtoto, jaza mchanga mkavu, shona mdomo. Ukiiweka juu ya ukuta au meza, simu inalala humo unavyotaka. Kwenye baiskeli tulifunga kwa vipande vya tyubu kuukuu. Tyubu inameza mtikisiko kuliko vishikio vya dukani, niamini, tumejaribu vyote viwili kuanzia Ngamiani hadi Raskazone.

Taa za ndani: mkiona mistari myeusi inapita kwenye picha au taa inapwitapwita, ni umeme. Umeme wetu ni wa hezi 50, yaani mizunguko 50 kwa sekunde, na simu nyingi zinarekodi fremu (picha moja moja) 30 kwa sekunde, haviendani. Kama simu ina sehemu ya kubadili, weka fremu 25 na shata, yaani muda wa kila picha kupokea mwanga, moja ya hamsini ya sekunde. Kama haina, pakua programu ya kamera inayokuruhusu. Sisi tulichelewa kulijua hili, vipande vya usiku vya miezi miwili ya kwanza vyote vina mistari.

Fundi_Sauti

Na upepo? Tanga pale ufukweni kusi likivuma hakuna maiki ya simu inayoweza.

Baraza_Ngamiani

Umenigusa. Kuanzia kusi linapoingia, vipande vya mwenzetu wa Sahare vyote vilikuwa ngurumo tupu. Picha mbovu mtu anaivumilia, sauti mbovu hapana. Dawa tuliyoipata: simu ya pili, anaiweka mfuko wa shati, ndani ya kitambaa cha sufi alichoshonewa na yule dada, inarekodi sauti peke yake. Anapiga kofi moja mbele ya simu ya picha, kisha anaendelea. Nyumbani unalinganisha kofi la picha na kofi la sauti. Simu nyingi hazishiki fremu sawasawa, zinapanda na kushuka, kwa hiyo kipande kirefu sauti inaanza kuachana na midomo. Kwa nusu dakika huo mwachano hauonekani. Faida nyingine ya ufupi hiyo.

---

Mpita_Njia_Pangani

Nisamehe mkuu, lakini hii tofauti yake na status nini? Watu wanajirekodi kila siku. Na kujirekodi sana naona ni kujisifu.

Baraza_Ngamiani

Swali zuri, nilijiuliza pia.

Status unairekodi ili uonwe leo na watu usiowajua, kesho inafutika. Hii tulirekodi ili tutazame sisi, Alhamisi, tukiwa tumekaa mkeka mmoja, na aliyeonekana yupo hapo anakusikia unavyomtazama. Hapo ndipo penye kazi yote. Kama hamkutani kutazama, mna simu zilizojaa video basi. Sisi tulikutana baada ya Isha, uani kwa mama yake fundi, wiki baada ya wiki, hata mvua ikinyesha tulihamia ndani kwenye korido. Yale tuliyokuwa tunayasema baada ya kutazama ndiyo yaliyotufundisha cha kurekodi wiki inayofuata. Mwalimu aliwahi kuniambia, "Wewe kila siku unarekodi watu kutoka nyuma. Unawaogopa?" Sikuwa nimejua. Wiki iliyofuata nikaanza kuomba kuzunguka mbele.

Kuhusu kujisifu: Shaaban Robert alizaliwa Machui hapa jirani mwaka 1909, akafanya ukarani serikalini, akaandika *Maisha Yangu*. Hakuna anayesema alijisifu. Mtu wa kawaida kuandika siku zake ni jambo la kwetu kabisa, wala halijaletwa na simu.

---

Mzee_Barabara_ya_Nane

Vijana wangu, mmenifurahisha. Sisi enzi zetu Jumapili tulikuwa tunavaa kabisa, tunakwenda Majestic kutazama picha za Kihindi. Watu wanalia ukumbini, ukitoka nje unakuta foleni ya onyesho la pili wanakuuliza mwisho wake nini nawe unakataa kusema. Lakini sikumbuki hata siku moja kumuona mtu wa Tanga kwenye lile pazia. Endelea mwanangu, nasoma.

Baraza_Ngamiani

Shikamoo mzee wangu. Ahsante sana. Naendelea, na sasa nafika penye jambo lililonifanya nichelewe kuandika.

Mwezi wa tano nilikwenda Chumbageni kwa dada mshonaji kuchukua suruali. Nikasema nusu dakika ya leo nitairekodia hapa. Nikaweka simu kwenye soksi yangu ya mchanga, dirishani, inatazama cherehani na mikono yake. Kabla kipande hakijafika nusu akapigiwa simu. Ilikuwa habari ya pesa za mchezo, zamu yake imefika na mwenye kushika pesa hapatikani. Sauti yake ilianza kawaida, halafu ikakatika. Akaweka simu chini, akachukua ncha ya kanga akajifuta uso, akarudisha mguu kwenye pedali akaendelea kushona. Mwanga wa dirisha ulikuwa unampiga upande mmoja wa uso. Nawaambia ukweli, ni kipande kizuri kuliko vyote nilivyowahi kupiga, na nilikijua papo hapo.

Alhamisi nikakionyesha. Sikumuuliza kwanza. Hakuna aliyenyanyua mdomo. Asubuhi yake akanitumia ujumbe wa maneno mawili: "Kile kitoe."

Nikakitoa kwenye orodha. Lakini nakala niliiacha kwenye laptopu, kwenye folda nyingine. Nilijiambia atabadili mawazo. Wiki tatu baadaye alikuja kibandani kuchapa barua, mimi nikawa nahudumia mteja mwingine, akakaa kwenye kiti changu, akaiona.

Hakugombana nami. Alichukua karatasi zake, akalipa mia mbili yake ingawa siku zote huwa simtozi, akaondoka. Alhamisi nne hakuja.

Nilimwendea mama yake fundi nikamweleza. Akanisikiliza hadi mwisho, akasema, "Umemuibia mwenzio, na ulimuibia akiwa analia." Yeye ndiye aliyenipeleka, maana kwenda kuomba radhi peke yangu kwa jambo kama lile nisingesimama. Tulikwenda na laptopu, flashi, diski na simu. Nikafuta mbele yake kila mahali, nikafungua na pipa la taka nikalifuta. Alitazama. Akasema sawa. Akampa mama chai, na mimi akanipa baada ya muda.

Tangu siku hiyo tukawa na sharti moja zaidi. Yeyote anayeonekana au kusikika akisema *toa*, kinatolewa usiku uleule, kila kilipo, mbele yake, na haulizwi sababu. Hata kama ni sauti tu. Hata kama ni mgongo.

---

Fundi_Sauti

Pole mkuu. Lakini niseme ninavyoona: kama msanii, kile kipande kilikuwa ndicho filamu yenyewe. Kila mtu akipewa rungu la kufuta, mtabaki na vipande vya kuku na maua.

Baraza_Ngamiani

Na mimi niliogopa hivyo. Ilitokea kinyume. Mwaka mzima vilitolewa vipande tisa tu. Na baada ya sharti lile watu walianza kurekodi mambo waliyokuwa wanayapita mbali. Mwenzetu wa samaki alileta nusu dakika ya beseni tupu, siku ambayo hakupata kitu, anasikika akimpigia mkewe kumwambia. Asingeileta mwezi wa pili. Aliileta mwezi wa saba kwa sababu alijua akiona vibaya Alhamisi anasema neno moja tu. Fundi alirekodi mkono wake ukitetemeka baada ya homa. Mwalimu alijirekodi amekaa darasani peke yake watoto wameshaondoka, hafanyi lolote, anavuta pumzi.

Kile kipande changu kilikuwa kizuri, siwezi kusema uongo. Hakikuwa changu.

dada_ushanga

Hapo kwenye "hakikuwa changu" nimenyamaza kidogo. Nitawasomea wenzangu kabla hatujaanza. Naomba utueleze mliviungaje, maana vipande zaidi ya elfu kichwa kitapasuka.

Baraza_Ngamiani

Vilikuwa 1,130, siku nyingine watu walisahau au waliumwa. Kazi ya kibandani ilinisaidia. Kwa kila kipande nilichukua picha moja, nikazipanga kumi na mbili kwenye karatasi ya A4, nyeusi na nyeupe, nikachapa. Karatasi 95. Tukakaa na mikasi tukakata, nyuma ya kila picha tukaandika tarehe na nani. Kisha tukazitandaza kwenye mikeka miwili uani.

Tulifanya hivyo kwa Jumapili sita. Hakuna aliyekuwa amekaa kwenye kompyuta peke yake anaamua maisha ya wenzake. Mikono kumi inasogeza vikaratasi. Upepo ukija tunaviwekea kokoto na ndimu. Mama anapita na beseni la nguo anainama anasema hiki na hiki viwe jirani, naye mara nyingi alikuwa sahihi. Kwanza tulipanga kwa mtu, ikawa hadithi tano zisizosalimiana. Tukajaribu kwa tarehe, ikawa kalenda. Mwisho tukapanga kwa upepo: tukaanzia kaskazi, bahari imetulia, jua kali, tukaja masika, kusi, hadi kaskazi tena. Ndani ya kila msimu vipande vinafuatana kwa sauti. Ting ya spoki inaingia kwenye kengele ya chekechea, kengele inaingia kwenye kisu cha samaki kinanolewa. Vikabaki 82.

Kuunganisha kwenye kompyuta kulichukua jioni nne tu, kwa programu ya bure ya DaVinci Resolve, kwa laptopu ya kuazima maana yangu iligoma. Sikuweka muziki hata nukta. Wimbo wa mtu una mwenyewe, na uani kwetu kuna sauti za kutosha.

Mpita_Njia_Pangani

Nimekuelewa sasa mkuu, nafuta kauli ya status. Na kibali? Nasikia mtu akinyanyua kamera tu anaulizwa.

Baraza_Ngamiani

Kuna Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza ya mwaka 1976, na Bodi ya Filamu ndiyo yenye mambo ya vibali na kupanga madaraja ya filamu. Kabla ya kuonyesha hadharani nenda kwa afisa utamaduni wa halmashauri yako uulize, usingoje uulizwe wewe. Bandarini usinyanyue simu kabisa. Darasani mwalimu hakurekodi uso wa mtoto hata mmoja, alirekodi ndala zao mlangoni, na zile ndala watu wanazikumbuka kuliko nyuso.

Mzee_Barabara_ya_Nane

Linki iko wapi mwanangu? Nitafute kijana wa kunifungulia.

Baraza_Ngamiani

Mzee wangu, linki haipo na haitakuwepo. Tulilizungumza hilo Alhamisi mbili nzima. Wawili walitaka ipandishwe, watatu hapana, na dada mshonaji alisema kitu kilichomaliza mjadala: ikishapanda, lile neno *toa* halina kazi tena.

Kwa hiyo tunaionyesha tukiwepo. Ijumaa ijayo tunairudia palepale uani. Projekta tumekodi, shuka jeupe linafungwa kwenye kamba ya kuanikia, vibanio kumi na sita chini na juu ili upepo usilipeperushe. Mzee, wewe nitakutuma bajaji ikufuate hapo Barabara ya Nane, mama ameshasema kiti chenye mto ni chako. Wengine njooni na mikeka yenu baada ya Isha. Tunaanza jirani akishazima taa yake ya nje, huwa anazima saa tatu kasoro.